Puli ya alteneta: shajara ya kuifungua na kuibadilisha nyumbani

Gari ni la dizeli, silinda nne, na mkanda mmoja ndio unaozungusha alteneta (mashine inayozalisha umeme wa gari na kuchaji betri), kompresa ya AC na pampu ya usukani. Naandika kila hatua inapokwisha, na makosa nayaacha yalivyo. Gharama nitazihesabu kwa kipimo cha puli yenyewe (gurudumu lenye mifereji ambalo mkanda hulizungusha), kwa kuwa bei hubadilika kila mahali na kila mwezi: puli mpya ni 1, na vingine vyote nitavilinganisha nayo.

8 Machi, Jumamosi: kelele inatoka wapi

Ilianza kama mlio mfupi wa mkanda wakati wa kuwasha AC. Baadaye ikaja sauti ya kugongagonga kila nilipozima injini, kama mtu anayetikisa misumari ndani ya kopo kwa sekunde moja kisha akanyamaza. Nikiifungua boneti huku injini inanguruma polepole, naona mkono wa tenshena (kile kiroli chenye springi kinachoukaza mkanda) unatetemeka badala ya kutulia.

Kosa la kwanza nilishalifanya kabla sijaanza kuandika hapa. Niliposikia mkanda unalia, nikanunua mkanda. Ulinyamaza siku mbili, ukarudi kulia vilevile. Gharama: 0.3 ya puli. Bahati yangu ni kwamba mkanda wa zamani ulikuwa na nyufa, kwa hiyo siku zake zilikuwa zinahesabika.

Leo nimeutoa mkanda na kuzungusha kila puli kwa mkono. Kompresa iko laini, pampu ya usukani iko laini, roli ya kati (inayoelekeza mkanda tu) ina ukavu kidogo lakini haichezi. Nilipofika kwenye alteneta nikakuta jambo. Puli ya gari hili si kipande kigumu cha chuma. Ndani yake kuna klachi ndogo ya roli inayoshika upande mmoja na kuachia upande wa pili. Ukizungusha puli kwa mwelekeo ambao mkanda huivuta, rota (sehemu ya ndani ya alteneta inayozunguka) inafuata. Ukiirudisha kinyume, puli inatakiwa izunguke peke yake na rota ibaki imesimama. Nikachungulia kwa tochi kupitia matundu ya ganda, nikiangalia feni ya ndani. Feni ikaifuata puli pande zote mbili. Klachi imeganda.

Kwa nini iwekwe klachi hapo? Injini haizunguki kwa mwendo uliotulia. Kila silinda inapolipua, krenki (shafti kuu ya injini, inayovuta mkanda) inasukumwa mbele, halafu inapunguza mwendo mpaka silinda inayofuata ilipue. Kwenye silinda nne hilo hutokea mara mbili kwa kila mzunguko, na dizeli husukuma kwa nguvu zaidi. Rota ya alteneta ni nzito kwa ukubwa wake, na huzunguka mara mbili au tatu zaidi ya krenki. Krenki ikipunguza mwendo ghafla, rota haitaki kupunguza. Puli ikiachia, rota inateleza mbele kwa raha zake. Puli ikiganda, mkanda ndio unaovutana na uzito huo, na tenshena inarushwa huku na huku. Ukizima injini ndiyo mbaya kabisa: krenki inasimama papo hapo, rota bado ina mbio. Ndiyo ile misumari ndani ya kopo.

Muda: saa 1. Gari linalala hapa hadi kazi iishe.

9 Machi, Jumapili: kuishusha alteneta

Sehemu kubwa haina hadithi. Waya hasi wa betri ulitoka kwanza, maana ule waya mnene wa nyuma ya alteneta una umeme wa betri muda wote hata ufunguo ukiwa mfukoni. Spana ikigusa hapo na ganda la injini kwa pamoja, utaona cheche usizozitaka. Picha ya njia ya mkanda nilishapiga jana. Plagi ndogo, nati ya waya mnene, boliti mbili, kwisha.

Boliti zilitoka na alteneta ikabaki pale pale, kana kwamba imechomelewa. Nikaisukuma, nikaivuta, nikaichokonoa kwa mti kwa karibu saa mbili. Nilishaanza kuamini kuna boliti ya tatu iliyojificha, nikawa napapasa gizani nyuma ya injini.

Hakuna boliti ya tatu. Kwenye sikio moja la alteneta kuna bushi ya chuma inayoweza kuteleza. Ukikaza boliti, bushi hiyo huvutwa na kubana mabano ya injini kwa nguvu, na ukilegeza haijirudishi yenyewe. Dawa yake: rudisha boliti, ishike hesi (mizunguko ya skrubu) kadhaa tu bila kuikaza, kisha igonge kichwa kwa nyundo ndogo. Bushi inarudi nyuma milimita moja au mbili na alteneta inakuwa huru. Mapigo matatu. Kama ningejua, kazi ya leo ingekuwa ya saa moja, lakini imechukua 3.

15 Machi, Jumamosi: siku niliyoikaza badala ya kuifungua

Puli za aina hii huwa na kifuniko cha plastiki mbele. Yangu haikuwa nacho, na sijui kilidondoka lini. Ndani kulikuwa na unga mwekundu wa kutu. Nadhani chanzo cha yote ni hapo: maji na vumbi vimeingia, grisi ikaisha, roli za klachi zikashikana.

Puli ngumu ya kawaida hufungwa kwa nati kubwa inayoonekana. Hii haina nati. Puli yenyewe ndiyo yenye hesi kwa ndani, na imejifunga moja kwa moja kwenye shafti. Mdomo wake una meno madogo 33, na ndani zaidi, katikati, unaona ncha ya shafti yenye tundu lake. Kwa hiyo unahitaji vitu viwili kwa pamoja: soketi ya meno 33 inayoshika puli, na biti inayopita katikati ya soketi hiyo kushika shafti. Nimenunua seti yake: 0.4 ya puli.

Kosa la biti. Seti ina biti ya nyota T50 na biti ya M10 yenye pembe 12. Nikaichomeka T50, ikaingia, nikaona inatosha. Ilikuwa inacheza kidogo na nikaipuuza. Nilipoweka nguvu, ikateleza na kukwangua kingo za tundu. Ndipo nikasafisha tundu kwa mswaki wa zamani, nikamulika tochi na kuhesabu: pembe 12. M10 ikaingia na kutulia bila kucheza. Kingo zilizokwanguliwa zimepona kwa sababu niliacha mapema. Zikilika zote, huna tena pa kushikia shafti, na puli inaweza kuwa na thamani ndogo kuliko tatizo ulilojitengenezea.

Sasa kosa lenyewe. Nikaishika soketi ya meno 33 kwa spana, isiende popote. Nikaweka mkono wa soketi kwenye biti ya katikati, nikaisukuma kushoto, kwa sababu tangu utotoni nimeambiwa kulia kufunga, kushoto kufungua. Haikusogea. Nikapulizia mafuta ya kulegeza kutu kidogo, nikasubiri, nikarudia. Haikusogea. Nikachomeka bomba kwenye mpini ili niongeze urefu. Biti ikakatika kwa mlio uliofanya nirudi nyuma hatua mbili. Biti nyingine ya M10: 0.1.

Nilikaribia kuiwashia moto. Sikuwasha, na nashukuru. Sentimita chache nyuma ya puli kuna beringi yenye grisi na sili, na ndani zaidi kuna nyaya za rota zilizopakwa vanishi. Moto wa kulegeza puli ni moto wa kununua alteneta.

Jioni nikampigia rafiki yangu ambaye ni fundi. Nikamweleza yote, mwelekeo, bomba, biti. Akakaa kimya, halafu akasema: "Ndugu yangu, umeshika kifuniko, unazungusha chupa. Hebu chukua chupa."

Nikachukua chupa. Ukishika chupa na kuzungusha kifuniko, kifuniko hufunguka kwa kushoto. Sasa shika kifuniko kisitembee, uzungushe chupa huku ukiitazama kutoka upande wa kifuniko: ili ifunguke, chupa lazima iende kulia. Hesi ni ya kawaida kabisa, hakuna hesi ya kinyume. Mimi nilikuwa nazungusha shafti, siyo puli. Saa tatu nzima nimekuwa naikaza puli niliyotaka kuitoa, tena kwa bomba.

16 Machi, Jumapili: imetoka

Nimeazima jiliwa la jirani. Alteneta nimeibana kwa sikio lake nene, na vipande viwili vya mbao kati ya chuma na chuma. Usibane ganda lenyewe. Ganda ni la alumini, linapinda, na kupinda kidogo tu kunatosha rota ikaanza kugusa. Pia usichomeke bisibisi kwenye feni ili kuzuia rota isizunguke. Mabawa ya feni hupinda na chini yake kuna nyaya.

Spana ndefu kwenye soketi ya puli, imeegemea ukingo wa meza upande ambao haiwezi kukimbia. Mkono mrefu kwenye biti ya katikati. Safari hii kulia, kufuata mwendo wa saa. Nikaegemea kwa uzito wa mwili, taratibu. Ikatoa mlio kama wa kuni kavu inayovunjwa, nikadhani nimekata biti ya pili. Kumbe imelegea. Hesi zilizobaki nimezungusha kwa vidole.

Nimeulizwa kama mashine ya kugongea nati isingefanya kazi hiyo kwa sekunde mbili. Kwa puli ngumu yenye nati, ndiyo, hufanya vizuri sana, kwa sababu uzito wa rota wenyewe unatosha kuzuia shafti isifuate. Kwa hii yenye meno membamba sithubutu: mapigo yale yanaweza kuvunja biti au kula meno, na mimi nimeshanunua biti moja zaidi ya nilizohitaji.

Kabla ya kufurahi nilizungusha rota bila puli. Laini, haina mkwaruzo, na shafti haichezi juu wala chini. Kama beringi ya mbele ingekuwa inakwaruza, kuweka puli mpya juu yake kungekuwa kazi bure.

Muda: saa 1, pamoja na kurudisha jiliwa.

22 Machi, Jumamosi: puli mpya, siyo yenyewe

Puli imefika. Mifereji 6 kama ya zamani, upana wa nje ni uleule kwa macho, meno 33, hesi inaingia kwenye shafti. Nilikuwa tayari kuifunga, ila nikaamua kuziweka mbili hizo meza moja, mgongo chini, zitazamane. Mifereji haikukaa usawa.

Nikapima kwa kalipa kutoka mgongo wa puli, pale inapokaa dhidi ya beringi, hadi mfereji wa kwanza. Mpya inatofautiana na ya zamani kwa zaidi ya milimita 3. Inaonekana ndogo, lakini mifereji ya mikanda ya aina hii hupishana kwa milimita 3.56. Yaani mkanda ungekaa karibu mfereji mzima nje ya mstari. Ungelia, ungelika ukingo, na mwisho ungepanda juu ya puli nyingine. Kosa langu ni kwamba niliagiza kwa jina la gari na mwaka, na gari hili lilitoka kiwandani na alteneta za aina zaidi ya moja. Nambari iliyotakiwa imechapwa kwenye kibandiko cha alteneta yenyewe. Ilikuwa chini ya tope. Nimeisugua, nimeinakili, nimerudisha puli, nimeagiza nyingine. Kurudisha na kutuma: 0.2, na wiki moja ya kusubiri.

Wakati nasubiri, nimeshauriwa na watu wawili niweke puli ngumu tu, ni rahisi na haina cha kuharibika. Kuharibika kweli haiharibiki. Lakini puli yangu iliyoganda ilikuwa tayari imekuwa puli ngumu, na mmeona ilichofanya. Gari lililoundwa kwa puli ngumu liachiwe puli ngumu, na hili lirudishiwe ya kwake.

Kuna na aina ya tatu, nayo inachanganya watu: yenye klachi pamoja na springi ndani. Kuzitofautisha, zuia rota kisha zungusha puli kwa mkono. Ngumu haiendi popote. Ya klachi tupu inazunguka huru upande mmoja, na upande wa pili inashika papo hapo. Yenye springi inaachia upande mmoja, na upande wa pili inasogea kidogo kwa uzito kama unakamua kitu, ukiiachia inarudi. Usibadilishe moja kwa nyingine kwa sababu zinafanana usoni.

29 Machi, Jumamosi: kufunga

Puli ya pili imekaa sawa na ya zamani, mfereji kwa mfereji. Nimesafisha hesi za shafti kwa brashi ya waya na kitambaa kikavu. Sikupaka grisi, maana kipimo cha kukaza kilichoandikwa ni cha hesi kavu. Nimeianza kwa vidole mpaka ikagota mgongoni.

Kitabu cha gari langu kinasema nguvu ya kukaza ni Nm 80 (nyutoni-mita). Chako kinaweza kusema kingine, kitazame. Nikaweka spana ya kupimia (inayolia "tak" nguvu uliyoipangia ikifika) kwenye biti ya katikati na, kwa kuwa sasa najidai bingwa wa chupa na vifuniko, nikaizungusha kushoto ili kukaza. Mwelekeo ulikuwa sahihi. Nikavuta, nikasubiri ule mlio wa "tak". Nikavuta zaidi. Kimya. Biti ikaanza kujikunja kidogo kama springi na nywele zikanisimama. Nikaacha.

Spana yangu hupima upande mmoja tu, wa kulia. Kushoto ni mpini wa kawaida, unakaza mpaka kitu kivunjike. Nililegeza puli yote nikaanza upya kwa njia nyingine: biti ya katikati ndiyo nikaizuia kwa mkono wa soketi isizunguke, na puli ndiyo nikaizungusha kulia. Tatizo ni kwamba soketi ya puli iko wazi katikati na spana ya kupimia haina pa kuchomeka. Nimeazima kichwa cha spana cha mdomo wazi chenye tundu la mraba, kile kinachochomekwa mbele ya spana ya kupimia. Kiweke kwa pembe ya 90 na mpini. Kikinyooka kwenda mbele kinaongeza urefu wa mkono na kipimo kinadanganya, lakini kwa pembe hiyo kinabaki vilevile. "Tak" ikaja, nikaisikia kama muziki.

Kifuniko kipya cha plastiki kilikuja na puli. Nimekibonyeza mpaka kikalia na kuzunguka kote nikakikagua kwa kucha. Safari hii sitaki kutu ndani.

Kuirudisha garini hakukuwa na jipya, isipokuwa bushi ile: gonga irudi nyuma kabisa kabla ya kuingiza alteneta, la sivyo haipiti kwenye mabano. Mkanda nimeukagua kwa tochi kwenye kila puli, mifereji yote 6 imejaa. Waya hasi wa mwisho.

Betri kabla ya kuwasha: volti 12.5. Injini ikinguruma: 14.3. Taa kubwa na feni ya ndani zikiwa zimewashwa: 14.0. Mkono wa tenshena umetulia. Nikazima. Hakuna misumari. Kuna mvumo mwembamba wa sekunde mbili, rota ikimalizia mwendo wake peke yake baada ya injini kusimama. Niliwasha na kuzima mara tano bila sababu, kuusikia tu.

Dirisha la dereva limesahau kujipandisha lenyewe kwa sababu betri ilikaa imefunguliwa. Nilishika kitufe juu sekunde chache likakumbuka. Saa nimeiweka upya. Muda wa leo: saa 2 na nusu.

19 Aprili, Jumamosi: baada ya wiki tatu

Nimefungua boneti kukagua. Kingo za mkanda ni safi, hakuna nyuzi zilizochomoza. Kifuniko kiko mahali pake. Volti ni zilezile.

Hesabu: puli 1, mkanda 0.3, seti ya soketi na biti 0.4, biti iliyokatika 0.1, kurudisha puli isiyo yenyewe 0.2. Jumla ni bei ya puli 2. Alteneta nzima iliyokarabatiwa niliyoulizia ilikuwa puli 4 na nusu. Muda wote ni saa 11, na katika hizo kama 5 ni za ujinga: bushi, biti na bomba.

Imebaki sauti moja, ndogo, asubuhi injini ikiwa baridi, inaisha ndani ya dakika moja. Nimeifuatilia kwa bomba la mpira sikioni: ni roli ya kati, ile niliyoandika tarehe 8 kwamba ina ukavu kidogo. Beringi yake nimeshaiagiza, kwa nambari iliyochapwa ubavuni mwake.